Maombi ya Ajenda Namba Moja

Mimi ni mtu wa kubisha. Sijisifu, nasema tu mapema ili baadaye tusilaumiane. Nina saiba pale Ruiru, kompyuta nne na printa moja yenye kiburi, na kazi yangu kubwa ni kuwaandikia watu barua za malalamiko. Mwenye nyumba amekataa kurekebisha bomba? Njoo. Shule imemrudisha mtoto nyumbani kwa sababu ya nywele? Keti hapo, nitakuandikia barua ambayo mwalimu mkuu ataisoma akiwa amesimama. Kwenye grupu la WhatsApp la mtaa wetu mimi ndiye huwasha moto asubuhi, na mpaka saa ya chakula cha mchana watu wazima wawili watakuwa wameshatoka kwenye grupu kwa hasira. Niliwahi hata kuandamana, mwaka ule vijana walipojaa barabarani. Nilitoka nyumbani na bendera, chupa ya maji na viatu viwili. Nikarudi na bendera na kiatu kimoja. Mama yangu aliponiona, aliniuliza tu kama kile kingine nilikuwa nimekiacha bungeni kinitetee.

Nyumbani ana ulimi wa namna hiyo. Nje, hana. Mami, ndivyo tunavyomwita, huuza nafaka sokoni Thika: njahi, maharagwe, minji na mahindi, akipima kwa gorogoro, ule mkebe wa bati ambao kila mpishi wa kwetu anaujua ujazo wake. Amekaa mahali pale pale tangu nikiwa darasa la pili. Wateja wake wengine ni watoto wa wateja wake wa zamani. Lakini mbele ya mtu mwenye kalamu mfukoni, mdomo wake hufunga. Daktari akimuuliza anaumwa wapi, atasema "ni kidogo tu." Akikaribishwa chai asiyoitaka, atakunywa vikombe viwili asije akaudhi mtu. Mimi huniita "baba," kwa sababu nilipewa jina la baba yake, kama ilivyo desturi yetu ya kurithisha majina. Kwa hiyo hunipa heshima ya babu yangu, na mimi bila haya nimeizoea.

Shida ilianza tulipoambiwa kuwa soko litahamishwa. Lingepelekwa ng'ambo ya barabara kuu, kwenye uwanja mkubwa, penye paa jipya na maegesho. Kwenye ramani palikuwa pazuri ajabu. Ila kufika huko kwa miguu ni lazima upande daraja la juu, ngazi za kupanda na ngazi za kushuka, asubuhi na jioni, na magoti ya Mami yaliacha kuelewana na ngazi zamani. Siku moja alikwenda peke yake kulitazama hilo daraja. Aliporudi nilimuuliza ameonaje. Akasema hewa ya huko juu ni nzuri. Basi nikajua. Soko likihama, Mami hauzi tena njahi, na mambo yameisha.

Hapa ni lazima niungame kitu. Kwangu Ruiru kuna chumba cha ziada. Nilikuwa nimeshakipaka rangi, nikaweka kitanda kifupi ambacho huhitaji kukipanda, na televisheni ukutani. Mimi na dada zangu wawili, mmoja anakaa Githurai 45 na mwingine Kahawa Wendani, tulikuwa tumekubaliana kwenye grupu la familia kwamba Mami amechoka na sasa apumzike. Mami hayumo kwenye grupu hilo. Simu yake ni mulika mwizi, ile ndogo ya tochi, haina WhatsApp. Kwa hiyo mdomo wangu ulikuwa unapigania soko, kwa sababu mimi nikiona vita siwezi kupita, lakini moyoni nilikuwa nasema hata tukishindwa si vibaya. Tukishindwa, atahamia kwangu. Sikumwambia mtu neno hilo, na sikuliona kuwa baya.

Sasa, sheria yetu inasema mwananchi aulizwe kabla jambo halijafanywa. Ofisini wanaita ushirikishaji wa umma. Sokoni watu huuita "ile mkutano ya soda," maana mwishoni kila mtu hupewa soda na kipande cha mkate. Ulipangwa Jumanne asubuhi, kwenye ukumbi wa kanisa ulio karibu na soko. Afisa wa kaunti alikuja na suti ya kijivu, ramani ya kubandika ukutani na karani, dada mmoja mpole mwenye daftari kubwa. Mimi nilikuwa nimefunga saiba na kuja na hotuba ya kurasa nne, herufi nzito, nafasi mbilimbili, vichwa vidogo vimepigiwa mstari. Nilikuwa nimeifanyia mazoezi mbele ya printa.

Lakini kwetu hakuna mkutano unaoanza bila maombi. Iwe chama cha akina mama, kikao cha wazazi, au mkutano wa kumwondoa mwekahazina, ni lazima mtu aombe kwanza. Hiyo ndiyo ajenda namba moja, popote utakapokwenda. Na ina adabu yake: kila mtu hufumba macho, na anayeomba haingiliwi, hata akiomba mpaka ng'ombe warudi. Afisa alizungusha macho ukumbini akitafuta mtu asiye na neno. Akamwona mama mmoja wa kitambaa kichwani, mikono mapajani, macho chini.

"Mama yule pale atufungulie kwa maombi," akasema. "Kwa ufupi tu, Mama."

Mami akasimama. Mimi wakati huo nilikuwa natafuta ukurasa wa pili, hata sikusikiliza mwanzo. Nilishtuliwa na watu wakisema amina kwa nguvu isiyo ya kawaida.

"Wabariki hawa wageni wetu, Baba," alikuwa anasema, kwa sauti ambayo sijawahi kumsikia nayo. "Wametoka mbali, wamekuja kutuuliza. Lakini Baba, wewe hulali, uliwaona siku walipochora hiyo ramani. Ulituona sisi hapo? Hatukuwa."

"Amina," ukumbi ukajibu.

"Wewe uliyetembea juu ya maji, Baba, kwako lile daraja si kitu. Sisi tuna magoti. Tukipanda na gunia, tukifika juu tunakuona wewe karibu sana, na wakati wetu haujafika."

"Amina."

"Tunakuomba choo, Baba. Choo cha soko kimefungwa na kufuli na hatujui ufunguo uko na nani. Wewe unajua. Mguse huyo mtu popote alipo, Baba, amekalia huo ufunguo, mguse."

"Amina, amina," alisema jirani yake anayeuza viatu vya mitumba, ambaye ni Mwislamu na kwa kawaida kwenye maombi yetu hukaa kimya kwa heshima. Mimi nilifumbua jicho moja. Afisa naye alikuwa amefumbua moja, anatazama saa. Tukaonana. Sote wawili tukafumba haraka. Baadaye akajaribu ujanja: Mami alipovuta pumzi, akapaza "Aaamina!" ya kufungia. Watu wakaitikia kwa furaha, na Mami akaendelea na suala la mitaro ya maji machafu.

Aliomba kwa muda ambao ungetosha kupika ugali na kuula. Alitaja kila kitu. Alitaja wamama wa umri wake ambao wateja wao hawatavuka, alitaja mvua, alitaja taa, alimwombea afisa na watoto wake wapate mahali pa kudumu wasihamishwehamishwe. Alipoketi alirudisha mikono mapajani na macho chini, na ungemwona ungedhani hakusema kitu.

Baada ya hapo mkutano ulikwenda mbio. Ramani ikaelezwa. Ilipofika maoni ya wananchi nilinyoosha mkono mpaka bega likalia, nikapewa kipaza sauti, dakika tatu. Sasa mimi kwa sababu ya barua zangu nimezoea utangulizi. Nikaanza kwa kutambua itifaki zote. Nikamtambua afisa, karani, mwenyekiti wa soko, wazee, na wachungaji waliokuwepo na wale ambao hawakuweza kuwepo kwa sababu zisizozuilika. Nikaingia Katiba, nikasoma kifungu, nikakirudia polepole ili kiingie. Nilipofika kwenye maneno "sasa basi, kuhusu soko letu," afisa akasema muda wangu umeisha na akanishukuru sana.

Akauliza kama kuna mwingine mwenye neno. Watu wakatazamana, wakatabasamu, wakatulia. Nani angeongeza nini? Kila kitu kilikuwa kimeshasemwa, na kwa mkubwa kuliko afisa. Tukanywa soda. Njiani kurudi sokoni watu walimpa Mami mkono kana kwamba ameoza binti. Yule wa viatu alimwambia, "Mama, leo umewamaliza," na Mami akasema ilikuwa ni maombi tu.

Baada ya wiki mbili karatasi ikabandikwa kwenye lango la soko. Nilikuwa nimekuja kumletea Mami dawa ya magoti, nikakuta watu wamesimama wanasoma. Ilikuwa ni ripoti ya mkutano. *Mkutano ulifunguliwa kwa maombi. Ramani ilielezwa. Wananchi waliipokea. Kijana mmoja alisoma Katiba. Hakuna pingamizi lililotolewa.*

Niliisoma mara tatu. Halafu nikaenda ofisini kwa miguu yangu, kwa hasira, dawa ya magoti bado iko mkononi.

Nilimkuta yule karani peke yake. Nikamuuliza hiyo "hakuna pingamizi" imetoka wapi.

"Pingamizi tunapokea ajenda namba nne, maoni ya wananchi," akasema kwa upole. Akafungua daftari. "Hapo alisimama mtu mmoja. Alisoma Katiba, tukamshukuru."

"Huyo ni mimi."

"Asante sana," akasema.

"Na yule mama aliyeomba? Alitaja daraja, alitaja choo, alitaja mitaro. Watu wote walisema amina. Hayo si maoni?"

"Aliomba vizuri sana. Mimi hata nililia kidogo aliposema magoti, nilimkumbuka cucu, nyanya yangu."

"Sasa mbona hukuandika?"

Akanishangaa, na nikaona ni mshangao wa kweli, hana hila. "Ningeandika aje," akasema, "na nilikuwa nimefunga macho?"

Nimebishana na polisi, makondakta na mchungaji wetu mwenyewe, na sijawahi kukosa neno. Siku hiyo nilikosa. Yule dada akanihurumia, akapunguza sauti, akaniambia niandike barua ya kuomba mkutano mwingine, wafanyabiashara watie sahihi, na yule mama asimame ajenda namba nne aseme yote tena. "Nitakuwa nimefungua," akasema.

Jioni nikampata Mami jikoni kwake, ungo mapajani, anachambua maharagwe. Nikamweleza yote. Hakukasirika. Alisikiliza kana kwamba ni habari ya nchi nyingine.

"Lakini nilisema," akasema mwishowe.

"Ulimwambia Mungu, Mami. Sasa inabidi umwambie afisa."

"Mungu hajawahi kuniuliza kitambulisho, baba." Akatoa kijiwe kwenye maharagwe. "Mimi siwezi kusimama niangalie mtu wa serikali kwa macho nimwambie amekosea. Nitaanzia wapi? Hiyo ni kazi yako, wewe ndiye umesoma."

Hapo ndipo nilipofanya nililolifanya, kwa upole wote wa mtu anayejiona mwema. Nikamwambia asijisumbue. Nikamwambia hata wakihamisha soko, chumba kipo Ruiru, kimepakwa rangi, kuna televisheni, wajukuu wako karibu. Kwani amebakisha nini sokoni? Amefanya kazi ya kutosha. Mami akaendelea kuchambua. Hakusema ndiyo, hakusema la. Akauliza kama nitakula.

Nikala, nikatoka, na nikiwa bado kwenye lango lake nikaandika kwenye grupu la familia: *Mami amekubali.* Dada wa Kahawa Wendani akatuma mioyo saba. Dada wa Githurai akauliza mapazia yatakuwa rangi gani. Mjadala wa mapazia ulikwenda siku mbili, na mimi, kama kawaida yangu, niliupinga upande wowote uliokuwa unashinda.

Barua ya mkutano niliiandika hata hivyo. Ugomvi ni ugomvi. Wafanyabiashara wakatia sahihi, tukapewa siku, ukumbi ule ule.

Afisa alikuwa amejifunza. Alisimama mbele, akapiga kipaza sauti kidole mara mbili, akasema kwamba leo kwa sababu ya muda tutaanza moja kwa moja na ajenda namba mbili. "Karibuni mketi," akasema.

Hakuna aliyeketi. Hakuna aliyepanga, naapa, mimi nikiwemo. Watu hawakujua tu jinsi ya kuketi kwenye mkutano ambao haujaombewa. Walisimama mbele ya viti vyao, wameshika kofia na mikoba, wanamngoja. Afisa akarudia. Mama mmoja wa vitunguu akasema kwa huzuni kwamba hata wezi huomba kabla ya kutoka. Yule wa viatu akasema, "Bwana afisa, samahani, hata mimi sitaketi."

Afisa akapangusa miwani. Akasema sawa, tuombe kimya kimya, kila mtu kwa imani yake, dakika moja. Tukaomba. Mimi yangu niliitumia kuomba kipaza sauti. Tukaketi.

Ajenda namba nne ilipofika nilikuwa tayari, kurasa nne zimekuwa mbili, itifaki nimezikata. Lakini kabla sijanyoosha mkono nikaona mkono mwingine, umepanda mpaka usawa wa bega tu na kusimama hapo. Ulikuwa wa Mami. Karani akaenda mwenyewe kumpelekea kipaza sauti.

Mami akasimama. Akafumba macho.

"Baba yetu," akaanza.

"Mama," akasema afisa, "maombi tumeshamaliza."

Ukumbi ukacheka. Hawakumcheka kwa ubaya, lakini walicheka. Mami akabaki amesimama na macho yamefumbwa, kipaza sauti kikiwa bado mdomoni. Nilijua amekwisha. Nilikuwa nimeshainuka nusu, karatasi mkononi, niende nimwokoe. Akafumbua macho. Mtu wa kwanza aliyemwona ni mimi. Akanionyesha kwa mkono: keti.

"Basi nitaongea na wewe," akamwambia afisa. "Usinione mbaya nikiangalia chini. Nitajaribu nisiangalie." Akamgeukia karani. "Karani, umefungua macho?"

"Nimefungua, Mama."

"Andika mimi sitaki soko ihame. Si ati sijaelewa ramani, nimeielewa, ni mzuri. Lakini ile daraja nilienda kuipanda. Nilifika katikati nikakaa chini, watu wakanipita hapa na hapa, mwingine akaniachia shilingi akidhani naomba. Nikarudi nyumbani nikadanganya ati hewa ni mzuri. Soko ikienda ng'ambo, mimi siendi. Si kiburi, ni magoti. Na kuna wengine hapa wako kama mimi, wamenyamaza kwa sababu ni aibu kukunywa soda ya mtu na umkatalie."

Hakuna aliyecheka sasa. Afisa aliacha kalamu yake.

"Na kuna jambo la pili," akasema Mami. "Huyu mwenye makaratasi ni mtoto wangu."

Ukumbi wote ukanigeukia. Nikatabasamu, maskini mimi, nikidhani nasifiwa.

"Alikuja kunitetea, Mungu ambariki. Lakini yeye pia ako na ramani yake. Anataka kunihamisha Ruiru. Amepaka rangi. Juzi msichana wangu alinipigia simu akaniuliza nataka mapazia ya kijani ama ya maziwa, ndio nikajua nimeshakubali. Mimi nilinyamaza tu. Yeye akaenda akaandika nimekubali." Akamgeukia afisa, kisha mimi, kisha afisa. "Sasa nyinyi wawili mko sawa. Watu husema kuuliza si ujinga. Mbona mnaogopa kuniuliza?"

Ingekuwa afadhali ardhi inimeze. Uso ulinichoma, masikio yakanichoma, karatasi nilizikunja zikawa kipande kidogo nikakikalia. Na chini ya aibu hiyo yote, ajabu, nilikuwa na fahari isiyo na adabu. Nilitaka kumwambia mtu wa kando yangu, huyo ni mama yangu, ilhali mtu huyo ndiye aliyekuwa ananicheka zaidi ya wote.

Karani akainua kichwa. "Mama, na hiyo ya kijana pia niandike?"

"Andika yote. Na jina langu uandike lote, usiniandike 'mama mmoja.'" Akasema majina yake matatu, moja moja, halafu nambari ya kitambulisho kwa kichwa, bila hata kuombwa. Akaketi. Safari hii mikono hakujua aiweke wapi.

Kilichofuata sitakieleza chote. Yule wa viatu alisimama. Mama wa vitunguu alisimama. Kila mtu alisema jina lake kwanza, na kila aliyesimama alihakikisha karani anaangalia. Mimi sikusema neno, na nasikia hilo ndilo lililozungumzwa sokoni wiki nzima. Afisa aliandika na yeye mwenyewe. Soda zilisahaulika kwenye kreti.

Ripoti ya pili ilikuwa ndefu, ilichukua karatasi tatu pale langoni. Ilisema soko halitahama kwa sasa, hadi ipatikane njia ya kuvuka isiyo ya ngazi, na kwamba ufunguo wa choo unatafutwa. Nilishuka na kidole mpaka ajenda namba nne. Yalikuwepo majina matatu ya Mami, yameandikwa vizuri, bila kosa. Chini yake: *Mwananchi huyu alieleza pia kwamba mwanawe anapanga kumhamisha bila kumuuliza. Mwana alikuwepo. Hakutoa pingamizi.*

Watu waliokuwa wanasoma wakanipisha kwa heshima ya matanga. Nikaingia sokoni mpaka kwake. Alikuwa anampimia mteja njahi, anajaza gorogoro mpaka juu na kuongeza kiganja kimoja. Nikavuta kreti tupu, nikaketi.

"Mami," nikasema, "wewe unataka nini?"

"Kuhusu chumba?"

"Chumba. Soko. Chochote. Nauliza tu."

Mkono wake ukasimama juu ya gunia. Akanitazama, kwa muda mrefu, bila kuangalia chini hata mara moja. Nilijiandaa kwa jibu lolote, hata matusi ningeyapokea.

"Ngoja," akasema. "Hiyo swali sijawahi kuulizwa. Baba yako hakuwahi kuniuliza, na mama yangu hakuniuliza. Sina jibu imekaa tayari. Niache kwanza nifikirie."

Akamgeukia mteja, akamfungia njahi zake. Mimi nilibaki pale juu ya kreti, mdomo nimefunga, nikangoja.